Mzee asiyejua jina lake kashuka stesheni ya Dodoma: filamu yetu fupi imekwama mwishoni, naomba mawazo

#1 – Mwanzisha uzi

Habari za jioni wakuu. Walioko nyumbani, mbukwenyi.

Uzi ni mrefu, naomba mnivumilie. Mimi na wenzangu watatu hapa Dodoma tunatengeneza filamu fupi ya dakika 17 hivi. Mfadhili hatuna. Tuna simu moja yenye kamera nzuri, maikrofoni mbili za kubana kwenye shati, na mzee mmoja wa Hombolo ambaye hajawahi kuigiza maishani mwake, lakini ukimwambia "kaa kama mtu anayesubiri" anakaa mpaka wewe mwenyewe unaanza kuangalia njia. Tumeshashuti karibu kila kitu. Kilichotukwamisha ni mwisho.

Kisa chenyewe: mzee anashuka kwenye treni ya SGR, hajui yeye ni nani. Hajui jina, hajui katoka wapi. Alichonacho ni ndoto moja inayomrudia kila akisinzia: tembe (nyumba ya zamani ya paa la udongo), mbuyu, na mwanamke anayepepeta uwele kivulini. Kijana wa bodaboda anamfuata, "Mzee, wapi?" Mzee anamsimulia ile ndoto, kwa sababu ndiyo anwani pekee aliyonayo. Kijana anacheka, halafu anamwonea huruma, anampakia. Wanazunguka mji mzima kutafuta mbuyu. Majengo, Kikuyu, Ihumwa, mpaka Mtumba kwenye majengo ya serikali. Kila mbuyu wanasimama, mzee anashuka, anautazama, anarudi kupanda. Mbuyu wa mwisho umesimama katikati ya viwanja vilivyopimwa, bikoni za zege kila upande.

Hapo ndipo tulipo. Mmoja wetu anataka mzee akutane na dada yake, aitwe jina, akumbuke kila kitu, watu walie. Mwingine anataka azinduke kitandani, kumbe yote ilikuwa ndoto. Huo wa pili siutaki hata kuusikia, na nitasema kwa nini. Lakini hata wa kwanza moyo wangu haujatulia.

Niwaambie nilikoanzia. Bibi yangu mzaa mama, aliyenilea kule Mvumi, alianza kusahau mwaka 2015. Mwanzoni vitu vidogo: chumvi mara mbili kwenye mlenda, kuulizia ng'ombe tuliyemuuza zamani. Baadaye akawa ananiita kwa jina la kaka yake aliyefariki kabla mama hajazaliwa. Nikimsahihisha, analia. Kiswahili kikamtoka chote, kikabaki Kigogo, tena kile cha zamani ambacho mimi naokoteza neno hapa na pale.

Siku moja shangazi alikuwa anapepeta, akaitwa nje, akamwekea bibi ungo mapajani ili kuku wasiufikie. Mimi nimekaa kwenye kigoda mbele yake. Bibi aliutazama ule ungo kama mgeni aliyeingia bila hodi. Kisha vidole gumba vikapanda ukingoni. Akarusha mara moja, kidogo, kama anayejaribu uzito. Mara ya pili mikono ikaenda yenyewe. Makapi yanaruka mbele, uwele unarudi, na kila baada ya mirusho mitatu minne anauinamisha ungo kushoto, anautikisa, vijiwe vinajikusanya pembeni, anavitoa kwa ncha ya kidole bila kuvitazama. Macho yalikuwa kwangu. Akaniuliza kwa Kigogo, "Wewe ni mtoto wa nani?" Na mikono haikusimama.

Alifariki mwaka 2019. Filamu hii nimeianza kwa ajili ya ule ungo.

Sasa ndoto. Kwenye filamu zetu nyingi ndoto inawekewa moshi, picha inafifia pembeni, sauti inapewa mwangwi. Mimi sijawahi kuota hivyo. Ndani ya ndoto hushangai. Marehemu yuko jikoni anasonga ugali na wewe unamuuliza kibiriti kiko wapi. Kushangaa kunakuja ukishaamka. Kwa hiyo sisi ndoto ya mzee tumeipiga saa saba mchana, jua la utosini, bila kugusa rangi. Kitu kimoja tu kinaitofautisha: ndoto tulishuti Februari, mvua imenyesha, mbuyu una majani. Mji tumeushuti Septemba, mibuyu yote mitupu, vumbi limetanda. Anayejua Dodoma ataliona. Asiyejua atahisi tu kwamba kule palikuwa na kitu ambacho huku hakipo. Maya Deren alilifanya hili Marekani tangu 1943 kwenye filamu yake ya dakika 14, Meshes of the Afternoon: ndoto nzima inatendeka kwenye nyumba ya kawaida, na vitu vyake ni ufunguo, kisu cha mkate na ua, mchana wa jua kali.

Ndiyo maana sitaki "kumbe ilikuwa ndoto". Ukimaliza hivyo umemwambia mtazamaji kwamba alichokiona hakina uzito. Kwa mzee wetu ndoto ndiyo mali pekee iliyobaki, halafu tuje tuifute?

Naombeni mawazo. Mwisho uweje?

#2

Nimesoma mpaka nikasimamisha kazi. Ile ya ungo imenikumbusha mama mkwe. Nafuatilia.

#3

Mkuu pole kwa kumpoteza bibi. Mimi ni muuguzi, wazee wa namna hiyo nawahudumia. Uliyoyaona kwenye ungo yana maelezo.

Kumbukumbu haikai ghala moja. Mwaka 1953 huko Marekani kijana mmoja, Henry Molaison, alipasuliwa kichwa kutibiwa kifafa, umri wake miaka 27. Daktari akatoa sehemu za ubongo pande zote mbili, ikiwemo ile inayoitwa hipokampasi. Kifafa kilipungua sana, lakini tangu hapo Henry hakuweza kutunza jambo jipya. Unamsalimia, unatoka, ukirudi anakusalimia upya kama hajawahi kukuona. Mtaalamu Brenda Milner akampa kazi ya kuchora nyota huku akiutazama mkono wake kwenye kioo. Ni kazi ngumu, mkono unakwenda kinyume. Siku ya kwanza aliharibu. Siku ya tatu alichora vizuri, na kila siku alisema hajawahi kuifanya kazi hiyo. Mikono ilijifunza, mwenyewe hana habari. Alifariki 2008, na wataalamu walimsoma zaidi ya miaka 50.

Na lugha vilevile. Vya zamani ndivyo vinavyochelewa kung'oka. Mtu aliyejifunza Kiswahili ukubwani, kinaweza kumtoka kabla ya lugha ya mama. Nawaambia ndugu: usibishane naye. Akikuita jina la kaka yake, itika. Jina hilo amekupa kwa upendo.

#4

Wazo zuri, ila kuna shimo kubwa kwenye kisa chenu. Nasafiri Dar–Dodoma karibu kila mwezi. Tiketi ya SGR unaikata kwa jina na kitambulisho. Huyo mzee kashuka na tiketi ya nani? Jina lake liko mfukoni! Bodaboda angeisoma dakika ya kwanza, filamu ikaisha.

#5

#4 kawamaliza. Na mimi naongeza: mtu asiyejua jina lake kafikaje kukata tiketi?

#6 – Mwanzisha uzi

Mkuu #4, nimeisoma hoja yako nikawapigia wenzangu saa nne usiku. Uko sahihi. Miezi minane tunalo hili shimo hatulioni.

Nipeni leo nilale nalo.

#7

Hapo #5, la kukata tiketi lisiwasumbue, yapo mambo ya hivyo kweli. Mwaka 1887 mhubiri mmoja wa Rhode Island, Marekani, Ansel Bourne, alitoa pesa benki akatoweka. Kumbe yuko Pennsylvania, mji wa Norristown, kajiita A. J. Brown, kapanga chumba, kafungua duka la vitu vidogovidogo. Anapika, anauza, majirani wanamwona mtu mtulivu. Baada ya kama miezi miwili akaamka asubuhi anauliza niko wapi, duka hili la nani. Huyo Brown hamjui. Mwanasaikolojia William James alimchunguza baadaye. Kwa hiyo mtu anaweza kununua tiketi, akahesabu chenji, na bado nafsi yake iko kwingine.

#8

Mnazungusha maneno. Mtu wa hivyo huku kwetu anapelekwa Mirembe, hospitali ya wagonjwa wa akili, mambo yanaisha.

#9 – Mwanzisha uzi

Mkuu #8, sikukasirikii, maana mtaani nililisikia hilo mara nyingi kuhusu bibi yangu, na walilisema watu waliomla kuku wake. Mirembe ni hospitali, watu wanatibiwa pale na wanapona. Kuligeuza jina lake kuwa tusi kumefanya familia nyingi zifiche wagonjwa ndani, na sisi tulifanya hivyo kwa muda. Tulimfungia bibi mlango mchana ili wageni wasimwone. Mpaka leo linaniuma. Nimeliweka kwenye filamu kwa sekunde chache: mzee anapita, mlango unafungwa kutoka ndani, unamsikia mtu anaimba. Hakuna maelezo.

Sasa kuhusu tiketi. Tumekubaliana hivi: jina liwepo. Bodaboda anaitoa tiketi mfukoni mwa mzee, analisoma kwa sauti. Mzee anasikiliza kwa adabu, kisha anajibu, "Huyo simjui." Kijana anarudia. Mzee anamwambia, "Ukimwona, mpe tiketi yake."

Wakuu, nilipoiandika sini hiyo nikaona tulikuwa tunauliza swali baya tangu mwanzo. Tulidhani amepoteza jina na kazi ya filamu ni kumrudishia. Jina analo, ni yeye hayumo ndani yake.

#10

Muuguzi tena, #3. Hiyo ya "huyo simjui" ni kweli tupu. Mgonjwa wa kwanza wa ugonjwa huu wa kusahau ambaye Dakt. Alois Alzheimer wa Ujerumani alimwandika, mama mmoja aitwaye Auguste Deter, alifikishwa hospitali ya Frankfurt mwaka 1901 akiwa na miaka 51. Akaambiwa aandike jina lake. Aliandika "Frau", yaani "Bi." kwa Kijerumani, akakwama. Kwenye kumbukumbu za daktari kuna maneno yake: "Nimejipoteza." Hakusema nimepoteza jina.

#11

Mimi nahariri filamu, naongea kama fundi. Naona mna hatari ya kisengerenyuma. Tangu shuleni tumefundishwa kwamba kumbukumbu ikija, unarudi nyuma unaonyesha tukio lote toka mwanzo mpaka mwisho, kama mkanda. Kumbukumbu ya kweli haiko hivyo. Inakuja kipande: harufu, kona ya ukuta, sauti ya mtu bila sura yake. Mkimpa mzee mkanda mzima, mmemponya kwa nguvu za uhariri.

Chris Marker wa Ufaransa alitengeneza filamu ya dakika 28 mwaka 1962, La Jetée, kuhusu mtu anayesumbuliwa na taswira moja ya utotoni. Karibu yote ni picha za mnato. Mara moja tu picha inatikisika: mwanamke kalala, anafumbua macho. Sekunde chache. Baada ya mnato wote ule, kope zikipanda unashtuka. Nyie mna simu nzuri, msihangaike na drone. Tafuteni hicho kitu kimoja kitakachotikisika.

Na sauti je? Septemba Dodoma upepo hausemeki.

#12 – Mwanzisha uzi

Sauti ya siku nzima ya Ihumwa ilikwenda na upepo, mkuu. Tukarudi kurekodi maneno ndani ya gari, madirisha yamefungwa, mzee analowa jasho. Upepo wenyewe tumeuacha chini ya maneno. Siku hizi naupenda.

#13

Nawasalimu vijana. Mimi ni mtu mzima, nimezaliwa 1961 upande wa Chamwino. Mwanangu ndiye kanionyesha uzi huu, na yeye ndiye anaandika ninayosema.

Mnatafuta mbuyu wa ndotoni kama watu wanaotafuta mti wowote. Mbuyu wa nyumbani una alama. Sisi tulihamishwa kwenye Operesheni Dodoma, mwaka 1971. Nilikuwa na miaka kumi. Tulikuwa tunakaa mbalimbali, kila kaya na tembe lake na zizi lake, tukaambiwa tukakae pamoja kijijini. Yapo yaliyokuja na kijiji, shule ilikuwa karibu, nami nilisoma. Lakini baba aliendelea kuota nyumba ya kule mpaka anakufa. Asubuhi anasema, "Usiku nilikuwa nyumbani," nasi tunajua anasema wapi.

Tembe likiachwa halikai. Paa ni udongo juu ya miti, mvua inalirudisha chini, miaka michache unakuta kilima kidogo tu. Hilo ni tongo. Ukitaka kujua kama palikuwa na watu, tafuta jiwe la kusagia lililopasuka, tazama majani yalivyo mabichi palipokuwa na zizi, halafu utazame mbuyu. Mbuyu wa karibu na kaya una makovu. Tulikuwa tunachuna magome yake kusokota kamba za kufungia ndama, za kitanda, za kubebea kuni. Mbuyu haufi kwa kuchunwa, unaota gome jipya juu ya jeraha, lakini kovu linabaki usawa wa mkono wa mtu mzima.

Huyo mzee wenu asiutazame mbuyu kwa macho. Aushike.

#14

Shikamoo mzee #13. Nimeisoma mara tatu.

#15

Mimi naomba nipingane na wote, kwa heshima. Nimeonyesha filamu mtaani, najua watazamaji. Mtu amekaa dakika 17 anamsubiri mzee wa watu apate ndugu zake. Ukimnyima, anatoka na kinyongo, anaona umejitia usomi. Mbona dada yake asitokee tu? Kuna ubaya gani watu wakifurahi? Na maisha yenyewe yana hayo, watu wanaopotezana hupatana.

#16 – Mwanzisha uzi

Mkuu #15, hoja yako nimekaa nayo wiki nzima, sijaipuuza. Mtazamaji anayo haki. Ila nakumbuka mwaka wa mwisho wa bibi. Kila mgeni aliyefika alisimama mbele yake: "Unanikumbuka? Mimi ni nani?" Kama mtihani. Akishindwa, mgeni anatoka analia, na bibi anabaki na aibu asiyoijua chanzo chake. Nikimleta dada aite jina na mzee aitike, nitakuwa nimesema mtihani ule ulikuwa wa haki, na kwamba waliofeli hawakupendwa vya kutosha. Hilo siwezi kulisema.

Lakini kwamba mtazamaji asitoke mikono mitupu, hapo nimekuelewa, na nakushukuru.

Mzee #13, shikamoo. Nitakuja na majibu.

#17

Wiki ya pili sasa, mwenye uzi yuko wapi?

#18 – Mwanzisha uzi

Samahanini kwa kimya. Tulikuwa porini.

Tumeupata mbuyu wenye makovu, nje ya mji upande wa mashariki, bikoni ya kwanza ikiwa kama hatua thelathini kutoka shinani. Makovu yako manne, yamepandana kama ngazi. Jiwe la kusagia halikuwepo. Ardhi ilikuwa imeinuka kidogo upande mmoja, na hatukuikanyaga.

Tulimweleza mwigizaji wetu kidogo tu. Tulimwambia kamba iliyofunga mzigo nyuma ya pikipiki imekatika, na kijana hana nyingine. Tulitaka aushike mbuyu basi, kama mzee #13 alivyosema. Akaushika. Kiganja kikatua juu ya kovu, kikakaa. Kisha akazunguka shina, akaona palipokuwa na ufa, akamwomba kijana kisu. Hilo halikuwa kwenye skripti. Nikamwonyesha mshika kamera kwa mkono: usikate.

Akachuna ukanda mwembamba, mrefu kama mkono. Akakaa chini, akakunja suruali mpaka juu ya goti, akauchana ule ukanda kwa meno na kidole zikatoka nyuzi mbili. Akazilaza pajani, akatemea mate kiganjani, akasukuma mbele. Nyuzi zikajisokota kila mmoja peke yake. Akarudisha kiganja nyuma, zikakamatana zikawa kamba. Mbele, nyuma. Kila ikifika mwisho anaongeza uzi mpya ndani ya ule wa zamani, huoni ulipoanzia. Dakika nne hakuna aliyesema neno, upepo tu.

Kijana wa bodaboda naye akasahau kwamba anaigiza. Akachuchumaa, akauliza, "Mzee, hii ulijifunzia wapi?"

Mzee akamtazama, mikono bado inakwenda. "Kujifunza nini?"

Halafu akamsogezea ncha ya kamba. "Shika hapa. Vuta."

Kijana akashika. Tumekata hapo.